Lamu hakuna siri: kamera inavunja kitu kingine

Kijana akirudi Lamu na kamera ili amhoji bibi yake juu ya asili ya ukoo, mji hugawanyika kabla hata hajawasha taa zake. Kuna wasemao kwamba amekuja kutoa siri za watu nje. Kuna wampongezao kwamba hatimaye ukimya utavunjwa na kumbukumbu zitaokolewa kabla wazee hawajamalizika. Filamu za makala za aina hii zimeongezeka miaka ya karibuni, na sababu zinaeleweka: kamera zimeshuka bei, simu ya kawaida inarekodi picha inayofaa kuonyeshwa ukumbini, na mifuko ya ufadhili kama Docubox ya Nairobi imewafungulia vijana wa Afrika Mashariki mlango ambao wazazi wao hawakuuona. Mabishano haya basi yatazidi. Rai yangu ni kwamba kambi zote mbili zimekosea mahali pamoja, kwani zote zinaamini kwamba ipo siri. Mambo ya koo hapa Lamu yanajulikana. Kinacholindwa ni utaratibu wa nani ayaseme, wapi, na mbele ya nani, na utaratibu huo ndio unaovunjwa na filamu. Tukilikubali hilo, maswali tunayowauliza watengeneza filamu yatabadilika, na sehemu ya lawama itaturudia sisi wenyewe tuliowaachia wauhoji ukoo bila masharti yoyote.

Tuanze na hicho kinachokumbukwa. UNESCO iliuingiza mji mkongwe wa Lamu katika orodha ya urithi wa dunia mwaka 2001, na tangu hapo tumezoea kusimuliwa kwa mawe: milango ya nakshi, zidaka, madaka, Ngome. Lakini mawe hayo yaligharimiwa na mashamba. Baada ya Waamu, yaani watu wa Lamu, kuwashinda Wapate na Mazrui wa Mombasa katika vita vya Shela, na kuingia chini ya himaya ya Sayyid Said wa Oman, mji ulitajirika katika karne ya 19 kwa nafaka na ufuta uliolimwa bara, upande wa vijiji vya Hindi, Mkunumbi na Mpeketoni. Waliolima walikuwa watumwa. Waliotoroka walikimbilia Witu, kwa Sultani Ahmed aliyeitwa Simba, ambako waliishi huru. Soko la watumwa la Unguja lilifungwa mwaka 1873, na katika pwani ya Kenya hadhi ya utumwa iliondolewa kisheria mwaka 1907. Fidia walipewa mabwana. Waliotumikishwa hawakupata kitu, na wengi hawakuwa na kwao pa kurudi, wakabaki katika mji uleule, wakisali misikiti ileile, baadhi yao wakilichukua jina la ukoo uliowamiliki. Pembeni yao wakaendelea kuishi waungwana wa mtaa wa Mkomani, masharifu, Wahadhrami na Wangazija wa mtaa wa Langoni, na Wabajuni wa visiwani. Mji mdogo kiasi hicho, ambao mitaa yake haipitishi gari, hauwezi kusahau nani alikuwa nani.

Haukusahau. Kila Mwamu wa makamo anajua Habib Swaleh alitoka Ngazija, akaanza kuwafundisha dini watu waliodharauliwa, na wakubwa wa mji wakachukia. Anajua pia kwamba leo Maulidi ya Riyadha, msikiti wake, ndiyo yanayoujaza mji wageni kila mwaka, na kwamba wajukuu wa wale waliochukia wanakaa safu za mbele. Habari hiyo haifichwi, husimuliwa hata barazani. Isiyosimuliwa barazani ni majina: babu ya nani alikaa upande gani wa kisa. Jina hilo linajulikana, ila lina mahali pake pa kutajwa, na baraza si mahali hapo.

Tazama shajara za nasaba zinazotundikwa kwenye kuta za sebule. Ni orodha za wanaume, baba juu ya baba, mpaka kwa babu aliyevuka bahari. Mama hutoweka katika kizazi kilekile alichozaa. Kwa sheria ya Kiislamu mtoto wa suria aliyekubaliwa na bwana wake ni huru na hufuata nasaba ya baba, kwa hiyo shajara haisemi uongo inapomwacha mama. Inasema nusu, na nusu ile inatosha kwa kazi yake. Wala si jambo la watu wadogo. Binti Salme wa Unguja, mtoto wa Sayyid Said, aliandika wazi katika kumbukumbu zake, zilizochapishwa mwaka 1886, kwamba mama yake alikuwa suria Mcherkesi, na wana wa Sayyid Said waliogombea utawala baada yake walizaliwa na masuria vilevile. Hakuna aliyewavua usayyid. Kwetu sisi, kukata na kuunganisha habari za ukoo ni kazi ya zamani kuliko mashine yoyote ya kuhariri filamu, na anayelalamika kwamba kijana wa kamera “amechagua” vipande angeanza kwa kuutazama ukuta wa sebule yake.

Shangazi yangu mmoja hunisimulia habari za babu yetu kwa njia mbili. Kaka yake akiwapo, babu alikuja na jahazi lake kutoka Mukalla. Akiwa jikoni na sisi watoto wa ndugu zake, jahazi lilikuwa la mtu mwingine na babu alikuwa baharia aliyekimbia deni. Hajawahi kunificha lolote. Amenifundisha tu kwamba habari ya pili ina watu wake.

Pwani nzima ina njia za kuyasema hayo bila kuyasema. Vyama vya lelemama, ngoma ya wanawake, vilipokuwa vikishindana Mombasa, wanawake waliimba aibu za wenzao hadharani, na aliyeguswa alijua ni yeye, ila jina lake halikutajwa. Washairi wa Lamu wamejibizana kwa mafumbo tangu enzi za vita vya Shela. Na pale ilipotokea mtu akakaa na kinasa sauti kwa subira, watu walisema mengi. Sarah Mirza na Margaret Strobel walirekodi maisha ya wanawake watatu wa Mombasa na kuyachapisha mwaka 1989. Mmoja wao alitoka katika ukoo wa waungwana, mwingine alikuwa mzao wa watumwa, na wote waliueleza mji uleule kwa sauti zao. Anayesikiliza wa kwanza peke yake ataupata mji wa adabu na harusi. Akimsikiliza wa pili ataona nani alikuwa akipika harusi hizo. Waliosoma hawakushtuka kwa sababu wamegundua jambo. Walishtuka kuona maneno ya ndani yamekaa kwenye karatasi, yakiwa na jina la aliyeyasema.

Filamu huchukua neno lililosemwa jikoni na kulipeleka ambako hakuna mwenye kujua lilisemwa wapi. Bibi anaongea na mjukuu wake, tena kwa sauti ile ya bibi na mjukuu, na baada ya mwaka anaongea na ukumbi wa watu mia tatu Amsterdam. Baada ya miaka miwili kipande cha sekunde arubaini kinazunguka katika kundi la WhatsApp la wakwe zake. Neno ni lilelile, ila watu waliokuwa wakilizunguka wameondolewa. Hapa ndipo ninapotofautiana na wapenzi wa filamu hizi, ambao hudhani tatizo ni haya ya wazee na kwamba likishasemwa mara moja kila mtu atapumua. Wengi wa wazee hawa hawana haya hata kidogo. Wana hesabu.

Kisha kuna umbo la filamu yenyewe. Wafadhili wa kimataifa, na simlaumu yeyote kwa jina, hupenda mhusika mwenye swali, safari ya kulitafuta jibu, na jambo lililofichika ambalo hufunuliwa filamu ikikaribia mwisho. Ombi la fedha lisilo na hayo hupata shida. Kwa hiyo kijana wa Lamu ambaye tangu utotoni alijua kwamba bibi mzaa bibi yake aliletwa kutoka kusini akiwa msichana, hulazimika kujifanya hajui, aandamane na kamera kutoka nyumba hii hadi ile akiuliza, na mwisho amlize mtu. Hapo ndipo siri inapozaliwa, mezani pa kuandikia ombi la fedha, na Lamu inaonekana kama mji wa watu waliofunga midomo kwa karne nzima mpaka mjukuu alipokuja kuwafungua. Watazamaji hulia na wanaotoa tuzo hupiga makofi, na jambo zito kuliko machozi hayo, yaani namna mji mzima unavyoweza kujua na bado ukaishi pamoja, halionekani popote.

Wanaopinga filamu hizi wana hoja mbili nzito na moja nyepesi. Ya kwanza ni sitara. Mtume ametukataza kuwatukana waliokufa, na amesifu anayemsitiri Mwislamu mwenzake. Siichezei hoja hii, na mtengeneza filamu anayeicheka hafai kuingizwa ndani ya nyumba. Hata hivyo ina mpaka. Sitara inahusu aibu ya mtu, kosa alilolitenda akalifunika. Kutekwa, kuuzwa na kulimishwa si kosa la aliyetendewa, na sioni vipi kumtaja mama aliyenunuliwa kuwe ni kumtukana yeye. Anayeogopa hapo aghalabu anamsitiri mnunuzi kwa jina la aliyenunuliwa. Ya pili ni madhara kwa walio hai, na kwangu hii ndiyo ngumu zaidi. Posa bado hupimwa kwa kufuu, yaani usawa wa hadhi ya koo mbili. Binti anaweza kurudishiwa barua kwa sababu ya sentensi moja ya mjomba wake ndani ya filamu. Fomu ya ridhaa hutiwa saini na mjomba, naye binti hakuulizwa. Sheria ya Kenya ya ulinzi wa data ya mwaka 2019 imeleta lugha ya ridhaa, lakini imeacha nafasi kwa kazi za uandishi wa habari, fasihi na sanaa, na hata bila nafasi hiyo sheria imejengwa juu ya mtu mmojammoja. Nasaba haiko hivyo, maana ukiitoa yako umetoa ya watu wasiohesabika, wengine wakiwa hawajazaliwa.

Hoja nyepesi ndiyo inayorudiwa kuliko zote: kwamba mambo ya ukoo ni ya ukoo na yabaki ndani. Kwa pwani yetu hii haijawahi kuwa kweli. Sheria ya hati za ardhi ya mwaka 1908 iliwataka wenye madai wajitokeze na ushahidi, na ardhi isiyodaiwa ikahesabiwa kuwa ya Serikali. Aliyekuwa na wakili, karatasi na ukoo unaojulikana alipata hati. Mvuvi na mkulima ambaye ushahidi wake ulikuwa kumbukumbu za bibi yake alikosa, na wajukuu wake leo wanaitwa maskwota. Katika vita vya Shifta, uasi wa kutaka kujitenga na Kenya, vya miaka ya 1960 Wabajuni wengi waliyakimbia makazi ya bara upande wa Kiunga, wakatawanyika Lamu, Malindi na Mombasa, na waliporudi au kutaka kurudi, kuthibitisha kwamba mtu alikuwa na kwao kulitegemea nani anakumbuka kisima kilikuwa wapi na nani amezikwa karibu nacho. Ilipojengwa bandari mpya, ambayo gati lake la kwanza lilifunguliwa mwaka 2021, wavuvi walikwenda Mahakama Kuu, na mwaka 2018 wakaamriwa kulipwa takriban shilingi bilioni 1.76. Kwa watu wasio na hati ya bahari, madai ya namna hiyo husimama juu ya desturi, na desturi hukaa katika vichwa vya wazee. Filamu moja ya Kenya ya mwaka 2019, iliyopigwa katika kaunti ya Kilifi, ilimfuata bibi anayeshutumiwa uchawi na jamaa zake mwenyewe, na nyuma ya shutuma ikaonekana ardhi. Ukoo hapa ni hati ya shamba, cheti cha kura na kibali cha kuoa kwa pamoja. Anayesema ubaki ndani mara nyingi ni yule ambaye hati yake imekwisha kutoka.

Wanaounga mkono nao wana lao la kujibu. Husema kila mzee akifa tumepoteza, kwa hiyo turekodi haraka. Ni kweli tumepoteza. Ila haraka hiyo huzaa mahojiano ya saa mbili na mzee mmoja, kwa kawaida mwanamume, kwa kawaida aliyezoea kuongea na wageni, na toleo lake ndilo linalobaki. Shangazi jikoni hakuulizwa. Baada ya miaka ishirini watoto wa ukoo watamnukuu mzee wa filamu dhidi ya mama zao, kwa sababu yeye yuko kwenye skrini. Kumbukumbu ya mdomo ina faida ambayo tunaidharau: hubishiwa papo hapo. Habari za Pate zenyewe, yaani historia ya watawala wa Pate, zimetufikia katika matoleo kadhaa yasiyokubaliana, na mwanahistoria hufurahi kwa hilo, kwani penye tofauti ndipo anapoona nani alitaka nini.

Wengine huweka tamaa yao katika ushahidi usioongea. Mwaka 2023 jarida la Nature lilichapisha utafiti wa vinasaba vya watu 80 waliozikwa katika miji ya zamani ya Waswahili na eneo moja la ndani, yakiwemo makaburi ya Manda na Faza hapa kwetu. Wengi wao walikuwa na asili ya Kiafrika kwa zaidi ya nusu, hasa kwa upande wa mama, na sehemu kubwa ya asili ya Kiasia ilitoka kwa wanaume wa Uajemi, mchanganyiko ulioanza karibu mwaka 1000. Siku zile barazani kila mtu alikuta ushindi wake humo, aliyejiita Mshirazi, yaani mwenye asili ya Shirazi ya Uajemi, na aliyemcheka. Mifupa ilikuwa imejibu swali moja na kuliacha jingine palepale, maana haionyeshi kama mama alitolewa mahari au alinunuliwa. Picha nazo si mashahidi wanyofu. Studio ya Omar Said Bakor, iliyopiga picha za Waamu tangu miaka ya 1960, ilisifika kwa picha zilizokatwa na kuunganishwa, mteja akawekwa mahali ambapo hakupata kukaa. Mtengeneza filamu anayeikuta picha ya namna hiyo kabatini na kuivuta karibu polepole kwa muziki wa huzuni, akiitendea kama risiti, hajamtendea haki babu yake wala mpiga picha.

Nikisema kuna utaratibu wa kusema, sina maana kwamba ni wa haki. Uliwekwa na waliokuwa na la kulinda. Mwenye nyumba ya mawe ana baraza la kusimulia asili yake mchana kweupe, na mzao wa aliyelima Hindi ana jikoni, wimbo wa fumbo, na subira. Utaratibu unaomwachia mmoja baraza na mwingine fumbo kwa zaidi ya miaka mia baada ya 1907 unastahili kuguswa. Ndiyo maana siwezi kujiunga na wanaotaka kamera zizuiwe. Kazi hizi zikifanywa vizuri zinaweza kumpa mtu wa jikoni kiti. Ila lazima awe yeye anayekikalia. Nimeona mara nyingi mno mjukuu wa mwenye shamba akisimama mbele ya kamera kukiri kwa niaba ya babu yake, kwa machozi ya kweli, na filamu nzima ikawa tena habari ya ukoo wake.

Basi tuwaulize watengeneza filamu mambo mengine. Tuache kumwuliza kijana kama ana ruhusa ya kusema, tumwulize ni nani mwingine anayetajwa ndani ya maneno ya bibi, na kama huyo ameiona filamu kabla ya watu wa tamasha. Mtaa una kanuni zake za picha tayari: katika harusi nyingi za wanawake simu hukusanywa mlangoni, na hakuna anayeita hilo udikteta. Filamu ya ukoo inaweza kuonyeshwa kwanza nyumbani, wanawake peke yao na wanaume peke yao, na kila upande ukapewa nafasi ya kubisha, na ubishi huo ukarekodiwa uwe sehemu ya kazi. Kwa mhariri hilo ni usumbufu. Kwa historia ni mali kuliko filamu yenyewe.

Tumwulize pia rekodi ghafi zinakwenda wapi. Filamu ya dakika tisini hutolewa katika saa nyingi za mazungumzo, na zile zilizobaki nje, zenye shangazi na baharia wake, hukaa kwenye diski ngumu katika nyumba ya kupanga Nairobi au Berlin mpaka diski ife. Tulikwisha kuviona vitabu vya mkono na tenzi za Lamu zikihamia maktaba za London, na sasa mjukuu wa mwandishi huomba viza akazisome. Ngome yetu, iliyokuwa gereza mpaka miaka ya 1980, leo iko chini ya makumbusho ya taifa na ina maktaba ndani yake. Hakuna kinachozuia nakala ya kila saa iliyorekodiwa Lamu kuwekwa pale, nyingine wazi, nyingine zikafungwa kwa miaka watakayokubaliana waliotajwa.

Ugumu ni nani ashike ufunguo. Kamati ya wazee peke yake haitoshi, maana wengi wao ndio wenye shajara ukutani. Waingie wanawake. Waingie na wazao wa waliolima Hindi na Mkunumbi, na wao ndio waamue wataingia kwa jina gani. Huenda wakakataa kabisa kukaa katika kamati inayowaita hivyo, na wana haki. Wakikataa, rekodi zinazowahusu zingoje.